Nchi Iliyopita Dirishani

Watu wa kwanza kuivuka nchi iliyoko kati ya Mombasa na Ziwa Victoria wakiwa wameketi dirishani walikuwa abiria wa Reli ya Uganda. Kabla yao njia hiyo ilikuwa ya miguu. Msafara ulichukua miezi, na mpagazi aliijua nchi kwa nyayo na mabega: kisima kiko wapi, miiba inaanzia wapi, mlima upi unachosha kuliko unavyoonekana. Mtu wa dirishani aliijua kwa namna nyingine kabisa. Vya karibu, yaani nguzo za simu, vichaka vya kando ya tuta, uso wa mtoto aliyesimama njiani, vilimpita kabla hajavikazia macho. Vya mbali vilikaa naye saa nzima. Mlima ambao mpagazi aliuzunguka kwa siku mbili, abiria aliusindikiza kwa macho akinywa chai.

Hata hivyo abiria huyo hakuiona nchi yote, wala hakuona alichojichagulia. Aliona pale tu mainjinia walipoitandika reli, kwa saa ile ambayo ratiba ilimpitisha, na mara nyingi alichotazama ni uwanda ambao wenyewe walikuwa wameshaondolewa.

Reli ilianza kutandikwa Mombasa tarehe 30 Mei 1896 chini ya injinia mkuu George Whitehouse. Upana wa njia ulikuwa mita moja, kipimo kilichozoeleka India, na India ndiko walikotoka makarani, mafundi na vibarua zaidi ya 30,000, wengi wao Wapunjabi. Karibu 2,500 kati yao walikufa kabla kazi haijakwisha. Reli ilifika Nairobi mwezi Mei 1899, ikagusa maji ya ziwa Desemba 1901, mwendo wa kilomita 940 hivi kutoka baharini. Jina la Uganda huwachanganya wasomaji wa leo, kwa kuwa njia yote hiyo imo Kenya. Lakini mwaka 1901 Kisumu ilihesabiwa kuwa ardhi ya Uganda. Mpaka ulisogezwa mwaka uliofuata, reli ikabaki na jina la nchi ambayo haikuifikia tena.

Sura ya kwanza ya dirishani ilikuwa ya maji. Treni ilitoka kisiwani Mombasa kwa daraja la Makupa, na kwa dakika chache abiria alikuwa na bahari pande zote mbili: mikoko, ngalawa, na maji yakiwa yamekupwa, matope yanayong'aa. Kisha kichwa cha treni kilianza kupandisha vilima kuelekea Mazeras. Huko kulikuwa na minazi na miembe, na baada yake mibuyu iliyosimama mmoja mmoja. Aliyegeuka nyuma kabla ya kona za juu aliiona bahari kwa mara ya mwisho, ukanda wa buluu juu ya minazi. Baada ya hapo stesheni ziliitwa Mariakani, Maji ya Chumvi, Samburu, Taru, na jina la Maji ya Chumvi lilitosha kumwonya mgeni juu ya nchi aliyokuwa akiingia.

Hiyo ndiyo nyika. Kwa watu wa pwani neno hilo lilikuwa na uzito tangu zamani: ni bara lote lile la miiba lililoko nyuma ya vilima, mahali ambapo msafara ulihesabu maji kwa matone. Wajenzi wa reli waliliogopa kwa sababu hiyohiyo, na maji ya kunywa yalibidi yawafuate kwa treni kutoka nyuma. Abiria hakuwa na hofu ya kiu, ila alikuwa na shida yake, nayo ilikuwa vumbi. Udongo wa Taru na Tsavo ni mwekundu kama matofali, laini kama unga, na mabehewa ya mwanzo hayakuwa na namna ya kuuzuia. Aliyefunga dirisha alioka. Aliyelifungua alikula vumbi. Ulijaa katika mikunjo ya nguo, katika nyusi, katika mkate. Mtu aliyepanda Mombasa na kanzu nyeupe au suti ya kitani alishuka Voi akiwa rangi moja na tembo wa huko, ambao kwa kujirushia udongo huohuo wameitwa tembo wekundu hadi leo.

Wasafiri wengi wa wakati huo waliandika kwamba nyika haina kitu cha kutazama. Huo ni uzembe wa macho. Wakati wa kiangazi ni kweli matawi ni ya kijivu, hayana jani, na kwa saa nyingi dirisha linaonyesha kitu kimoja. Lakini mvua ikishanyesha, nyika hiyo hiyo hugeuka kijani ndani ya siku chache, vidimbwi hujaa kando ya tuta, na abiria aliyeipita mwezi mmoja kabla hawezi kuitambua. Ni nchi inayohitaji kupitwa mara mbili, na wageni wengi waliipita mara moja.

Katika nyika hiyo kulikuwa pia na alama za wajenzi wenyewe. Karibu na stesheni ya Mackinnon Road, pembeni kabisa mwa njia, lipo kaburi la Seyyid Baghali, Mwislamu kutoka Punjab aliyefanya kazi ya reli na kuheshimiwa kama mtu wa karama. Msikiti uliojengwa hapo umekuwa kituo cha wasafiri wa dini zote. Mbele zaidi, Makindu, Masingasinga waliofanya kazi ya reli walijenga hekalu lao mwaka 1926, ambalo hulisha na kulaza wasafiri bila malipo. Mtu anayetafuta ukumbusho wa vibarua wa India katika mandhari ya njia hii ataupata katika majengo hayo mawili.

Treni za mwanzo hazikuwa na behewa la chakula. Abiria walishuka Voi kula chakula cha jioni katika nyumba ya wageni iliyojengwa kwa mtindo wa India, na asubuhi wakashuka Makindu kwa kifungua kinywa. Mpango huo wa milo uliamua mengi kuhusu macho. Kati ya Voi na Makindu palikuwa usiku, na ndani ya usiku huo ilikuwamo Tsavo.

Tsavo ilijulikana dunia nzima kabla watu wengi hawajaiona. Kati ya Machi na Desemba 1898 simba wawili dume wasio na manyoya ya shingo waliwaua vibarua waliokuwa wakijenga daraja la mto Tsavo, hadi kazi ikasimama. J. H. Patterson, aliyesimamia ujenzi wa daraja, aliwaua wote wawili mwezi Desemba, akaandika kitabu mwaka 1907, na ngozi zao zimejazwa na kuwekwa katika makumbusho ya Field mjini Chicago. Tangu hapo abiria alipofika darajani alitoa kichwa nje. Mto upo, mikoche ipo, simba hawapo. Lakini vichaka ambavyo jana visingetazamwa na mtu sasa vilichunguzwa, hata gizani, jani kwa jani.

Simba wa Kima alikuwa na uhusiano wa karibu zaidi na dirisha. Juni 1900 Charles Ryall, msimamizi wa polisi wa reli, aliegesha behewa lake kwenye njia ya pembeni ya stesheni hiyo ndogo ya Ukambani, akiwa na wenzake wawili, ili kumvizia simba aliyekuwa akiua watu hapo. Ryall alishika zamu, na inaaminika usingizi ulimshinda. Simba aliingia kwa mlango wa kusukuma. Kwa sababu behewa lilikuwa limeinama upande mmoja, mlango ulijirudisha na kufunga, mnyama na watu watatu wakawa ndani ya chumba kimoja. Alitoka dirishani akiwa na Ryall kinywani. Behewa hilo limehifadhiwa katika Makumbusho ya Reli, Nairobi.

Aliyeamka salama Makindu alikuta nchi imefunguka. Kwa anayekwenda Nairobi, upande wa kushoto kulikuwa na vilima vya Chyulu na, asubuhi isiyo na mawingu, kilele cheupe cha Kilimanjaro kikielea juu ya ukungu bila kuonyesha kilichokibeba. Stesheni ya Sultan Hamud ilikumbusha jina la Hamoud bin Mohammed, mtawala wa Zanzibar aliyewahi kuja kuikagua reli. Baada ya Konza ulianza uwanda wa Kapiti na Athi, na hapo abiria wote walihamia madirishani. Pundamilia, nyumbu, kongoni, swala, mbuni na twiga walilisha hadi karibu na tuta, na baada ya miaka michache ya kuzoea moshi hawakujisumbua hata kuinua vichwa.

Utulivu wa wanyama hao ulikuwa na sababu. Katika miaka ya kwanza watu walifyatua risasi kutoka madirishani, na wengine waliisimamisha treni ili kuchukua nyama. Kisha serikali ya kikoloni ikaitenga ardhi kubwa ya kusini mwa njia kuwa hifadhi ambamo uwindaji ulikatazwa, na mpaka wake ukawa reli yenyewe. Reli ikaona biashara. Mabango yaliyochapishwa Uingereza yaliwaalika matajiri kuja kukwepa baridi ya kwao katika nyanda za juu za Afrika Mashariki, yakisifu mabehewa ya kutazamia yanayopita katika mbuga ya wanyama iliyo kubwa kuliko zote. Mwaka 1907 Winston Churchill, aliyekuwa naibu waziri wa makoloni, alisafiri akiwa ameketi kwenye benchi lililofungwa mbele ya kichwa cha treni, juu ya kile chuma cha kusukumia ng'ombe. Mwaka 1909 Theodore Roosevelt, aliyekuwa ametoka kwenye urais wa Marekani wiki chache tu, alifanya vivyo hivyo, na sura ya kwanza ya kitabu chake cha safari aliifanya iwe ya reli inayopita katika enzi za kale kabla ya historia. Viti hivyo vya mbele vilikuwa na upepo, wadudu na cheche, lakini vilikuwa dirisha lisilo na fremu, na waliovikalia waliandika kwa shangwe.

Neno la Roosevelt kuhusu enzi za kale linahitaji kutazamwa kwa makini. Si kwamba uwanda aliouona ulikuwa haujawahi kuguswa. Ulikuwa malisho ya Wamaasai kwa vizazi. Katika miaka ya 1890 sotoka iliua ng'ombe wao, ndui na njaa vikawafuata wao wenyewe. Wakamba, ambao reli ilipita nchini mwao wakati uleule, waliiita njaa hiyo ya mwishoni mwa karne Yua ya Ngomanisye, na abiria na wajenzi wa 1899 waliona kando ya njia watu waliokonda na maiti zisizozikwa. Miaka kumi baadaye abiria waliona nyasi na wanyama. Katikati palikuwa na mkataba. Mwaka 1904 serikali ya Kiingereza iliwafanya viongozi wa Wamaasai, akiwemo Olonana, laibon wao, yaani kiongozi wa ibada, waweke alama zao kwenye karatasi iliyowahamisha kutoka Bonde la Ufa kwenda kwenye maeneo mawili ya hifadhi, na karatasi hiyo ilisema waziwazi kwamba maeneo hayo yatakuwa mbali na njia ya reli. Mwaka 1911 waliopelekwa Laikipia, eneo mojawapo, walihamishwa tena kusini.

Ndivyo ilivyokuwa kwa Wanandi pia, karibu na mwisho wa njia. Walipigana na wavamizi kwa miaka kumi, wakikata nyaya za simu na kung'oa vyuma vya reli. Oktoba 1905 kiongozi wao, Koitalel arap Samoei, aliuawa na ofisa wa Kiingereza, Richard Meinertzhagen, katika mkutano ulioitishwa kwa jina la amani. Baada ya hapo Wanandi waliokuwa wakiishi karibu na reli walisukumwa kaskazini, mbali nayo. Kwa hiyo mgeni aliyeandika kwamba amesafiri siku mbili katika nchi tupu aliandika alichokiona. Utupu huo ulikuwa na tarehe na sahihi.

Kutoka Nairobi njia ilipanda tena, ikipita Kikuyu na Limuru, katika mashamba madogo, migomba, na baadaye chai, ambayo kwa mara ya kwanza nchini ilipandwa Limuru mwaka 1903. Misitu ya asili ilipungua mbele ya macho ya abiria, sababu moja ikiwa reli yenyewe: vichwa vya treni vilikula kuni, na marundo ya magogo yalipangwa kwenye stesheni kama nyumba. Mikalitusi, mti wa Australia unaokua haraka, ilipandwa ili kuziba pengo la kuni, na mistari yake mirefu yenye magome yanayobanduka sasa ni sehemu ya sura ya nyanda hizo kiasi kwamba wengi huidhani ni miti ya kwao.

Halafu, baada ya stesheni za juu, ardhi ilikatika. Hakuna mahali pengine katika safari yote palipobadilika ghafla namna hiyo. Abiria alikuwa ndani ya ukungu na miti, treni ikapinda kona moja, na upande wa kushoto ukawa hauna kitu isipokuwa hewa. Chini kabisa lilikuwa Bonde la Ufa, rangi ya majani makavu, na volkano mbili, Longonot na Suswa, zikiwa zimekaa sakafuni kama vyungu vilivyofunikwa. Kivuli cha wingu moja kilichukua dakika nyingi kulivuka bonde. Wajenzi walifika kwenye ukingo huo bila muda wa kutafuta mteremko wa taratibu, wakaanza kwa kuyashusha mabehewa kwa kamba za chuma juu ya majukwaa ya magurudumu. Mtambo huo ulitumika hadi mwishoni mwa 1901, njia ya kudumu ya kuuzunguka ukuta wa bonde ilipokamilika. Ni njia hiyo ya pili, inayoteremka kwa kujikunja ubavuni mwa mlima, iliyowapa abiria mandhari waliyoisimulia zaidi.

Sakafuni kulikuwa na maziwa: Naivasha na mafunjo yake, Elmenteita, Nakuru na ule ukingo wa waridi wa heroe. Sehemu kubwa ya ardhi iliyoonekana hapo ilikuwa imeshagawiwa walowezi. Lord Delamere peke yake alishika maelfu ya ekari pembeni mwa Elmenteita, na ua wa waya ukawa kitu cha kwanza kilichoonekana baada ya reli. Toka Nakuru njia ya Kisumu ilipanda Mau hadi mita 2,500 na zaidi, kisha ikateremka madaraja mengi hadi joto la Muhoroni na uwanda wa Kano.

Njia nyingine ilijengwa miaka ya 1920 kupitia Eldoret, ikafika Kampala mwaka 1931. Ilipita Timboroa, mita 2,784 juu ya bahari, mahali pa juu zaidi katika njia zote za reli za dola ya Kiingereza. Mabango ya stesheni yaliandikwa jina pamoja na kimo, na watoto wa shule walioipita waliyasoma kwa sauti kama mashindano, tarakimu zikipanda hadi Timboroa na kushuka baada yake. Ikweta ilipitwa muda mfupi kabla ya hapo, abiria wakiwa wamejifunika mablanketi.

Yote haya yaliandikwa zaidi na watu wa daraja la kwanza. Mabehewa yaligawanywa kwa bei, na kwa bei yakagawanywa kwa rangi: Wazungu la kwanza, Wahindi zaidi la pili, Waafrika la tatu kwenye mabenchi ya mbao. Lakini daraja la tatu ndilo lililobeba watu wengi kuliko mengine yote. Ndilo lililompeleka Mjaluo na Mluhya bandarini Kilindini, Mkamba Nairobi, Mtaita shambani kwa watu. Kwao dirisha halikuwa picha ukutani. Kijana aliyepita Naivasha mwaka 1930 alihesabu ng'ombe wa mlowezi na kulinganisha na boma la baba yake. Na kwa kuwa benchi moja lilikaliwa na watu wa lugha nne, aliyetaka kumwonyesha jirani yake alichokiona nje alisema kwa Kiswahili.

Dirisha la daraja la tatu lilikuwa duka pia. Treni iliposimama Voi au Mtito Andei, wauzaji walikuwa wameshajipanga kabla magurudumu hayajatulia, sinia kichwani: ndizi, mahindi ya kuchoma, mayai ya kuchemsha na chumvi iliyofungwa kwenye kipande cha gazeti. Biashara ilifanyika kwa mikono miwili, mmoja ukishuka na pesa, mwingine ukipanda na bidhaa, na kila upande ukiogopa kutangulia kuachia. Gadi akipuliza filimbi mjadala wa bei ulikwisha papo hapo. Treni ikianza kusogea, muuzaji alikimbia sambamba na behewa akidai senti zake, abiria akizitafuta mfukoni kwa namna ambayo si kila mara ilikuwa ya haraka ya kweli. Miongoni mwa watu walioonekana dirishani, huyo mkimbiaji ndiye pekee aliyetazama ndani.

Vita Kuu ya kwanza ilileta doria za Wajerumani kutoka upande wa Kilimanjaro zilizolipua njia kati ya Voi na Makindu mara kwa mara. Baada ya vita vya pili zilikuja injini kubwa za Garratt: 34 za aina ya 59, zilizoundwa Manchester na kupewa majina ya milima ya Afrika Mashariki, kila moja ikiwa na uzito wa tani 250 na ushee. Zilichoma mafuta, zikavuta mizigo mirefu mno hata abiria wa treni iliyopishana nazo aliweza kuhesabu mabehewa hadi akachoka. Injini za dizeli zilizikamata na kuzimaliza, na kufikia 1980 moshi mweupe wa mvuke ulikuwa umeondoka katika mandhari.

Jambo lililoibadilisha sura ya dirishani kuliko injini zote ni ratiba. Kwa miongo mingi treni ya abiria ilitoka Nairobi saa moja jioni, na nyingine Mombasa saa hiyohiyo. Kengele za chakula zilipopigwa koridoni, mhudumu akigonga vibao vidogo vya muziki, nje palikuwa kiza. Kwa hiyo aliyepanda kwenda Nairobi alilala nyika yote, akaamka katika uwanda wa Athi akiwa na wanyama. Aliyeshuka kwenda Mombasa alilala wanyama wote, akaamka kwenye mibuyu na minazi. Watu wawili wangeweza kubishana kuhusu sura ya njia hiyo maisha yao yote, na wote wakawa wakweli. Tsavo, iliyofanywa hifadhi ya taifa mwaka 1948 na kukatwa na reli vipande viwili, mashariki na magharibi, ilipitwa katikati ya usiku na treni za pande zote mbili.

Ni hasara, kwa sababu hapo ndipo nchi ilipobadilika zaidi. Miaka ya 1950 pande zote za njia zilikuwa kichaka kizito. Tembo waliongezeka, takriban 35,000 mwishoni mwa miaka ya 1960, wakavunja miti hadi kichaka kikawa uwanda wa nyasi. Ukame wa 1970 na 1971 uliwaua kwa maelfu, kisha majangili wakafuata, na mwishoni mwa miaka ya 1980 walikuwa wamebaki chini ya 7,000. Miti ikaanza kurudi. Aliyeipita njia hiyo mchana mara moja kila muongo angeona nchi tatu tofauti.

Reli ilipochakaa, katika miaka ya mwisho ya karne ya 20 na ya mwanzo ya karne hii, wasafiri walipata zawadi wasiyoiomba. Treni zilichelewa. Iliyopaswa kufika Mombasa saa mbili asubuhi ilifika saa sita au alasiri, na kuchelewa huko kuliirudisha nyika kwenye mwanga. Watu waliolipia usiku wa kulala waliona Taru yote, kwa mwendo wa baiskeli, madirisha yakiwa wazi. Treni za abiria za njia hiyo ya kale kati ya Nairobi na Mombasa zilisimama Aprili 2017.

Mwezi uliofuata, tarehe 31 Mei, ilifunguliwa reli ya kisasa, SGR, iliyojengwa na kampuni ya China Road and Bridge Corporation: kilomita 472, upana wa milimita 1,435, mwendo wa hadi kilomita 120 kwa saa. Treni za mchana zilirudi, na kizazi kipya cha Wakenya kiliiona Tsavo kwa jua. Lakini dirisha lenyewe si lile. Kioo hakifunguki; behewa lina kiyoyozi, na vumbi jekundu linabaki nje pamoja na harufu ya mvua ya kwanza, ambayo hakuna kioo kinachoipitisha. Muuzaji wa mahindi hana mahali pa kuupeleka mkono wake. Vitafunio vinapita ndani kwa kigari. Tuta limeinuliwa, na palipo na njia za wanyama limetobolewa au kugeuzwa daraja, hivyo abiria anawatazama tembo kutoka juu, nao hupita chini ya miguu yake.

Mwanzo na mwisho wa safari vimebadilika pia. Kituo kikuu cha Mombasa kiko Miritini, bara, kwa hiyo treni ya SGR haivuki maji ya Makupa. Upande wa Nairobi, njia iliyoendelezwa mwaka 2019 hadi Suswa inaivuka Hifadhi ya Taifa ya Nairobi juu ya nguzo kwa kilomita sita na zaidi, twiga wakilisha chini yake. Kisha inaingia kwenye handaki la Ngong, kilomita 4.5. Pale ambapo treni ya zamani ilipinda kona na ardhi ikakatika, ya sasa inaingia gizani. Abiria hujiona mwenyewe kwenye kioo kwa dakika kadhaa, na akitoka yuko tayari upande wa bonde, bila kuwahi kusimama ukingoni.

Ile njia ya zamani ya kwenda Kisumu ilikarabatiwa, na treni ya abiria ikaanza tena Desemba 2021. Madirisha yake yanafunguka. Ilipoanza iliondoka Nairobi jioni ya Ijumaa, hivyo ukingo wa Bonde la Ufa ulipitwa usiku, wakati watu wakitafuta pa kuegemeza vichwa. Kulipopambazuka treni ilikuwa imeshashuka Mau, na kando ya njia ilikuwa miwa ya Muhoroni, halafu majaruba ya mpunga ya uwanda wa Kano.